Kiti cha Tarique

Tangu familia yake iliporudi Mocímboa da Praia, mji wa pwani kaskazini mwa Msumbiji, Tarique hakujua tena kukaa. Asubuhi alikunywa chai akiwa amesimama, kikombe mkononi, mguu mmoja ndani na mwingine nje ya kizingiti. Akimaliza, huyo. Alishuka mpaka bandarini, akawatazama wanaopakua samaki na magunia, akapanda tena mpaka sokoni, akapita nyuma ya msikiti, akarejea nyumbani kama aliyesahau kitu, akaingia, akatoka. Hakuwa na kazi ya kuwahi wala mtu wa kumfuata. Alikuwa kijana wa miaka ishirini ambaye miguu yake imemkatalia kutulia.

Baba yake, Mzee Abdulcarimo, alijaribu kumchukua dago, kwenye kambi ya wavuvi kisiwani Rongui. Tarique alikwenda na mashua ya kwanza, akarudi na ya pili, baba akabaki huko.

“Kule maji yamekuzunguka pande zote,” alisema.

Mama yake, Bi Saquina, alibaki naye mjini, na kila mara geti la bati lilipolia aliinua kichwa kutoka kwenye ungo. Likilia kwa kufunguliwa, akiingia, moyo ulishuka. Likilia kwa kufungwa nyuma yake, ulipanda. Akawa naye hatulii, ingawa alikuwa amekaa.

Jumatatu moja Tarique hakurudi kula. Askari wa kizuizi cha kutokea mjini walimwona akipita pale, akirudi, akipita tena. Wakamwita. Hakuwa na kitambulisho mfukoni, na alipoulizwa anakwenda wapi alijibu, “Natembea tu.” Jibu hilo halikumpendeza mtu. Wakamweka kando mpaka dada yake, Dalila, alipopata habari akiwa kazini na kwenda mbio na kitambulisho. Wakamwachia. Njiani Tarique alitembea mbele, haraka, kama vile yeye ndiye aliyekwenda kumchukua dada yake.

Jioni hiyo, Tarique akiwa ameshatoka tena, Bi Saquina alimshika Dalila mkono.

“Mwanangu, mtafutie kitu cha kumkalisha. Chochote, hata kama ni upuuzi. Mtu anayezurura katika mji huu hachelewi kuitwa jina lisilo lake.”

“Nimkalishe na nini, Mama? Nimfunge kamba?”

“Wewe ndiye uliyesoma.”

Ni kweli alisoma. Mji ulipovamiwa na waasi, miaka mitano nyuma, Dalila alikuwa Nampula akijifunza informática, elimu ya kompyuta. Mama na Tarique ndio waliokimbia porini, wakatokea Pemba miguu imevimba. Yeye aliwakuta wakiwa wamekwisha kunawa na kuvaa nguo za kupewa. Yaliyotokea kabla ya hapo aliyajua kwa vipande kutoka kwa mama. Kwa Tarique hakuwahi kupata hata kipande.

Usiku huo alikumbuka jambo moja. Kule Pemba, kwenye nyumba ya jamaa waliowapokea, kulikuwa na kijana mwenye kompyuta yenye mchezo wa kuendesha malori. Tarique alikuwa akisimama nyuma ya kiti cha yule kijana, ameegemea ukuta, akiitazama barabara ya kwenye kioo. Alitazama mpaka watu wakaenda kulala. Tangu vita, Dalila hakuwahi kumwona akitazama kitu kingine kwa muda mrefu namna ile.

Kesho yake alimwendea bosi wake, Virgílio, Mmakonde wa Mueda mwenye duka la fotokopi karibu na soko. Katika chumba cha nyuma cha duka kulikuwa na kompyuta ya mezani iliyofunikwa shuka. Ilikuwa ya ofisi moja iliyofungwa. Aliyeitumia alikuwa mchoraji wa ramani.

“Ile ina placa ya video nzuri kidogo,” Virgílio alisema, akimaanisha kadi ya ndani inayochora picha. “Lakini ina senha, neno la siri la kuifungua, na mwenye senha ameshaenda kwao.”

“Senha siihitaji. Nafuta kila kitu, naweka mfumo mwingine, Linux.”

“Linux ya kuchezea michezo?” Virgílio alicheka. “Dalila, hiyo ni ya watu wa seva.”

“Ilikuwa zamani. Sasa inacheza.”

Virgílio alikuna kidevu, akalitazama lile shuka, akamtazama Dalila. Habari za kizuizini zilikuwa zimemfikia. Mji ni mdogo. “Chukua,” alisema. “Na kioo chake kipo pale, nyuma ya karatasi.”

Aliipakia kwenye pikipiki ya teksi, yeye akiwa ameikumbatia kama mtoto mgonjwa. Nyumbani palikuwa na soketi moja tu nzima sebuleni, kwenye ukuta wa ndani, ng'ambo ya mlango. Akaisogeza meza hapo, kioo kikaupa ukuta kisogo, akaweka kiti mbele yake.

Tarique alipita. “Nini hiyo?”

“Kompyuta. Yako.”

“Yangu ya nini?”

“Ya malori.”

Aliganda kidogo, vidole vikipigapiga fremu ya mlango. “Itawezekana?” aliuliza, na kabla hajajibiwa alikuwa nje.

Dalila alichomeka flash aliyokuwa ameitayarisha dukani, akawasha, akabonyeza F12 mpaka mashine ikakubali kuanzia kwenye flash na si kwenye diski. Akachagua lugha, akaiambia ifute diski nzima. Ramani za yule mchoraji, kama zilikuwapo, zikaondoka. Mstari mdogo ukawa unajaa polepole, naye akawa anaomba umeme usikatike. Haukukatika. Mashine ikajizima, ikawaka, ikamwonyesha meza mpya ya kwenye kioo, safi, isiyo na kitu.

Lakini maandishi yalikuwa makubwa kama ya kibao cha duka, na dirisha likivutwa lilijikokota. Maana yake ilikuwa wazi kwake: mfumo haukuwa umeitambua vizuri ile placa. Inahitaji draiva, ile programu inayoufundisha mfumo namna ya kuongea na placa. Akatafuta, akakuta kadhaa, akachagua mpya kuliko zote, akazima na kuwasha.

Kioo kikawa cheusi.

Alisubiri. Feni ilizunguka, taa ya mbele iliwaka, kioo kikabaki cheusi vilevile. Tarique akachungulia.

“Imekufa?”

“Haijafa.”

“Imekufa, mana,” alisema, kwa lile neno la Kireno la kumwita dada. Geti likalia.

Dalila alikaa na simu yake, akila megas za intaneti alizoweka kwa ajili ya wiki nzima, akisoma maswali ya watu wa nchi za mbali waliopata giza kama lake. Mmoja alikuwa na placa ya rika lilelile, na aliyemjibu alimweleza kwa kifupi: draiva mpya zimeacha kuitambua placa hiyo, rudi kwenye ya zamani. Basi alibonyeza Ctrl, Alt na F3 kwa pamoja. Pale gizani yakachipuka maandishi meupe yakimuuliza jina lake.

“Mama!” aliita, na Bi Saquina akaja mbio akidhani kuna habari mbaya. “Iko hai.”

Bi Saquina aliangalia ule mstari mmoja wa maandishi. “Hiki ndicho kitakachomkalisha?”

“Bado, Mama. Subiri.”

Akaandika amri moja ya kuiondoa ile draiva, na nyingine ya kuweka ya zamani. Alipowasha tena, maandishi yalikuwa saizi ya kawaida na madirisha yaliteleza. Dalila alijikuta anapiga makofi peke yake chumbani.

Mchezo wenyewe ulikuwa mzito mno kuushusha kwa simu. Jumamosi alilirudisha lile kasha la kompyuta dukani, akaliunga na mtandao wa Virgílio. Alikuwa amepata toleo la majaribio, la bure, lenye ramani ndogo lakini lililotengenezwa kwa ajili ya Linux yenyewe, bila haja ya kuzungukazunguka. Kutwa nzima lilishuka tone kwa tone. Wateja walikuja kutoa nakala za vyeti na kupiga picha za pasipoti, na Virgílio akawa analalamika kwamba mtandao umekwisha ladha.

“Na ukifika nyumbani,” alimwambia, “usiguse mambo matano kwa mara moja kama ulivyozoea. Badilisha kimoja, tazama. Badilisha kingine, tazama. La sivyo hutajua lililokuwa likikusumbua.”

Jumapili baada ya chakula, Tarique akakaa.

Dalila alikuwa amemwekea na visikilizi vya masikioni, vikubwa, ili mngurumo usimsumbue mama. Lori la bluu lilitoka kwenye yadi, likaingia barabarani. Mvua ya kwenye kioo ilinyesha. Bi Saquina alisimama kwenye mlango wa jikoni na mwiko mkononi, haamini: mwanawe ameketi, mgongo umenyooka, mikono juu ya kibodi.

Haikuchukua muda. Lori likapanda ukingo, likagonga nguzo. Tarique akavivua visikilizi, akasimama.

“Nakuja,” alisema.

Hakuja mpaka magharibi.

Dalila aliamini kosa ni la mashine. Alikaa yeye mwenyewe akaendesha, akaona picha zinakatikakatika kwenye kona. Akapunguza vivuli. Akapunguza ukubwa wa picha. Akaondoa miti ya mbali, akaizima mvua. Akaweka namba ndogo pembeni ya kioo inayoonyesha picha ngapi zinapita kwa sekunde, na namba ikapanda, ikatulia. Kila alipotoka kazini alibadilisha kitu kimoja na kumwita mdogo wake. Tarique alikaa, akaendesha, akagonga, akasimama.

“Inakatika bado?” alimuuliza.

“Hapana. Inakwenda kama maji.”

“Sasa mbona unaondoka?”

“Sijui, mana.” Alikuwa tayari amesimama, akijipapasa mifuko. “Wewe usijali. Ni nzuri. Ni nzuri sana.”

Usemi huo ulimuuma Dalila kuliko kama angeitukana ile kompyuta. Mama naye alianza kuguna. “Kitu kimekula umeme wangu, na mtoto yuko barabarani.” Siku moja Dalila alimjibu vibaya, wakanuniana, na nyumba ile ikawa na watu watatu wasioweza kukaa chumba kimoja: mmoja anaondoka, mmoja anasubiri, mmoja anabonyeza vitufe kwa hasira.

Ijumaa, Tarique aliporudi kutoka msikitini na kanzu bado mwilini, Dalila alimwomba aendeshe mara moja tu. Safari hii hakuangalia namba ya pembeni. Alivuta jamvi, akakaa chini pembeni yake, akamtazama yeye.

Tarique aliondoa lori. Akabonyeza kitufe cha kutazama kioo cha pembeni, cha kushoto. Barabara ya nyuma ilikuwa tupu. Akarudi mbele. Akabonyeza cha kulia. Tupu. Cha kushoto tena. Mbele kulikuwa na kona, naye alikuwa anatazama nyuma, lori likapitiliza. Dalila alifikiri, dereva gani huyu, anaendesha kwa kisogo. Ndipo akaona kwamba na shingo yake ya kweli inafanya vilevile. Kila baada ya pumzi chache kichwa kiligeuka kidogo upande wa bega, kuelekea mlangoni, na mkono mmoja ulikisukuma kisikilizi kitoke sikioni.

Dalila akaukumbuka ule mkao wake wote wa miezi ile. Chai kizingitini. Kitanda alichokisogeza mpaka kichwa kikawa ukutani. Barazani, daima mgongo kwenye nguzo. Na kule Pemba, kusimama nyuma ya kiti cha mwenzake, hali kiti cha pili kilikuwapo.

“Simama kidogo,” alisema.

“Nimefanya nini?”

“Hujafanya kitu. Nisaidie meza.”

Waya haukufika. Alikwenda kwa jirani kuazima ekstensheni, akaipitisha kando ya ukuta. Wakaizungusha meza nzima, mpaka mgongo wa kiti ukagusa ukuta na kioo kikaupa mlango kisogo. Mtu akikaa pale aliona, juu ya kioo, mlango wote, ua, na geti. Dalila akavichomoa visikilizi, akaweka spika mbili ndogo, akapunguza sauti mpaka kuku wa uani wakasikika. Kisha akaufungua mlango wazi kabisa na kuuwekea jiwe.

Tarique alikuwa amesimama katikati ya chumba, mikono imening'inia. Alikaa. Akaegemea, akauhisi ukuta. Akaondoa lori.

Alipita ile kona. Akapita daraja. Akaingia mjini, akasimama kwenye taa, akasubiri taa. Adhana ya alasiri ilimkuta bado ameketi. Bi Saquina alikuja, akaona, akarudi nyuma kwa vidole vya miguu kama anayeogopa kumwamsha mtu.

Alipofikisha mzigo, Tarique aliacha mikono juu ya kibodi na kusema bila kumtazama dada yake:

“Ilikuwa kwa Faquir.”

Dalila alimfahamu Faquir. Alikuwa rafiki yake Tarique wa shule, wa mtaa wa pili. Alijua pia kwamba hayupo tena tangu mji ulipovamiwa.

“Tulikuwa tunatazama mpira. Sauti juu. Mlango uko nyuma yetu.” Alitazama getini. “Sisi wengine tulikuwa karibu na dirisha. Yeye ndiye alikuwa karibu na mlango.”

Dalila alishika ukingo wa kile kiti, si bega la mdogo wake, maana hakujua kama angetaka kushikwa. Baadaye kidogo Tarique akauliza kama kuna mzigo mwingine wa kupeleka, naye akamwonyesha pa kubonyeza.

Hakutulia mara moja kama aliyepakwa dawa. Aliendelea kutoka, na siku nyingine alitoka zaidi ya zamani. Lakini alikuwa na mahali pa kurudia, na mama alijifunza kusikia mngurumo wa lori la kwenye kioo kutoka jikoni na kupepeta mchele wake bila kuinua kichwa.

Kisha, wiki moja hivi baadaye, lori la mchanga, la kweli, lilipita mtaani mchana, na tairi lake likapasuka mbele ya geti lao.

Mlio ulijaza nyumba. Tarique aliiruka meza, kibodi ikaanguka. Alimkuta mama jikoni, akamkamata mkono, akamvuta. “Toka, Mama, toka!” Sufuria likapinduka. Wakavuka ua, wakapita kwa jirani, mama akiwa kichwa wazi, mtandio umebaki nyuma, mpaka Bi Saquina alipopiga kelele, “Tairi, mwanangu! Ni tairi! Tazama!”

Alisimama. Kifua kilikuwa kinapanda na kushuka. Barabarani dereva, mtu mfupi mnene, alikuwa analipiga teke lile tairi na kuliapiza. Watu wawili watatu waliokuwa wameanza kucheka walimwona uso, wakaacha.

Bi Saquina alingoja akimbie tena. Badala yake Tarique aliuachia mkono wake polepole, akaangalia alama za vidole alizoziacha, akasema, “Nisamehe, Mama.” Kisha akatembea mpaka kwenye lori, akachuchumaa. Alifika Dalila, aliyeitwa na jirani, akamkuta amelala chini ya kile chuma cha moto, anashikilia jeki, na dereva anamfokea kama anavyomfokea msaidizi wake mwenyewe: “Kaza! Kaza, kijana, usiogope!”

Aliporudi ndani amejaa grisi, lori la bluu lilikuwa limelala mtaroni na kioo kinamwambia mzigo umeharibika.

“Wameniharibia kazi,” alisema, akaiokota kibodi. Kitufe kimoja kilikuwa kimeng'oka. Mama yake alicheka, akiwa bado anaupapasa mkono wake, na alipokuwa anacheka machozi yakamtoka, akaenda kuyafutia jikoni.

Baada ya hapo Tarique alianza kwenda na Dalila dukani siku chache kwa wiki. Virgílio alikuwa na kompyuta nyingine iliyolala, na Tarique alitaka kuiona ile kazi tangu mwanzo, flash, F12, hata giza na maandishi meupe. Alifanya kazi akiwa amesimama kaunta, anaangalia barabara. Virgílio alisema hilo halimsumbui. Hata yeye kukaa humchosha.

Alhamisi moja asubuhi, chai ikiwa mkononi, alimwambia mama yake, “Naenda bandarini, kisha nitapita kwa mana dukani. Nitarudi kabla ya alasiri.”

Bi Saquina aliinua kichwa. Hakuwa amewahi kuambiwa anakokwenda. “Kitambulisho unacho?”

Akapiga mfuko wa shati.

Alasiri ikaingia, yeye hajarudi. Bi Saquina aliuweka ungo chini, akaenda mpaka getini, akatazama njia. Akarudi, akaketi. Akaushika ungo, akauacha, akasimama tena. Alikuwa pale getini, mkono juu ya bati, alipowaona wanawe wote wawili wakija kutoka upande wa soko, wanabishana kwa sauti juu ya kipande fulani cha kompyuta ambacho mmoja anasema kitafaa na mwingine anasema hakitafaa. Tarique ndiye aliyekuwa ameshika mfuko wa samaki.

“Umechelewa,” mama alisema.

“Kidogo, Mama.”

Akawafungulia geti, akarudi jikoni kupasha chakula.